Shukrani kwa aliyesahihisha mwongozo wetu wa Mti wa Maisha

Wewe uliyejaza pembezoni mwa mwongozo wetu kwa wino mwekundu bila kuweka jina, ahsante sana. Zoezi hili, ambapo mtoto huchora mti unaosimulia maisha yake, lilibuniwa na Ncazelo Ncube na David Denborough kwa ajili ya watoto walioathiriwa na UKIMWI kusini mwa Afrika, na maafisa ustawi wengi hulijua kwa mchoro tu: mizizi ni asili, ardhi ni maisha ya sasa, shina ni ujuzi, matawi ni matumaini, majani ni watu wa karibu, matunda ni yale uliyopewa na wengine.

Umeonyesha kwamba mpangilio una sababu zake. Dhoruba, yaani magumu yaliyompata mtoto, haiguswi mpaka miti yote ibandikwe ukutani iwe msitu, kwa sababu ukianza na "nini kilikupata?", mtoto anafungua msiba akiwa hana pa kushika. Na jani la marehemu halifutwi. Anaulizwa mtoto mwenyewe angependa likae wapi.

Shukrani kubwa zaidi ni kwa ule ukurasa wa afisa baada ya kikao. Mstari katikati: kushoto maneno ya mtoto kama alivyoyatamka, kulia yaliyokupita wewe moyoni. Uandikwe siku hiyo hiyo. Ukingoja Ijumaa, "baba alinyamaza" inageuka "familia haina mawasiliano", na hiyo ni lugha ya faili, si ya mtoto. Jina halisi lisiingie humo, maana madaftari husahaulika kwenye daladala.

Karatasi yako tumeitoa nakala, moja kwa kila meza.