Simone Signoret hakuwa mke wa Montand tu

Mhariri,

Katika ukurasa wenu wa burudani wa Jumamosi iliyopita mliandika habari za nyota wa zamani wa filamu za Ufaransa. Simone Signoret alipewa aya moja, na karibu aya yote ilihusu mumewe, mwimbaji na mwigizaji Yves Montand, na uhusiano wake na Marilyn Monroe mwaka 1960. Imeniuma. Naomba nafasi niyaseme yaliyoachwa, kwa sababu wapo vijana watakaosoma aya ile wakadhani ndiyo historia yote ya mama huyu.

Alizaliwa Machi 1921 huko Wiesbaden, Ujerumani, wakati baba yake akiwa na jeshi la Ufaransa lililokuwa limekalia eneo lile baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Jina la ukoo lilikuwa Kaminker, na baba alikuwa Myahudi. Wajerumani walipoiteka Ufaransa mwaka 1940, baba alikwenda London kujiunga na Jenerali de Gaulle, aliyewaongoza Wafaransa waliokataa kusalimu amri. Binti wa miaka 19 akabaki na mama yake na wadogo zake wawili wa kiume, wote wakimtegemea yeye. Alipata kibarua cha kupiga taipu katika gazeti lililowaunga mkono wavamizi, akakiacha mwaka 1941 na kuanza kuhangaikia vijisehemu vya kupita tu kwenye filamu. Kibali cha kuigiza hakuwa nacho kwa sababu ya asili ya baba yake, ndiyo maana akajiita Signoret, jina la ukoo wa mama. Hapo hajakutana na Montand bado. Walikutana mwaka 1949.

Filamu iliyompa heshima ya kudumu ni Casque d'or ya mwaka 1952. Pengine wasomaji wenu watapenda kujua kwamba mwimbaji Nina Simone, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Eunice Waymon, alichukua jina Simone kutoka kwa mwigizaji huyu. Kisha ikaja filamu ya Kiingereza, Room at the Top, iliyompa tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la filamu la Cannes mwaka 1959 na Oscar mwaka uliofuata, akiwa na miaka 39.

Mwaka huohuo wa 1960, ambao ninyi mliuona wa mapenzi tu, Signoret alitia sahihi tamko la watu 121 waliotetea haki ya vijana wa Ufaransa kukataa kwenda kupigana Algeria, koloni lililokuwa likipigania uhuru wake. Serikali ikawafungia waliosaini milango ya redio na televisheni ya taifa. Kwa mwigizaji, huko ni kuguswa pale panapomlisha, naye alilijua hilo alipoishika kalamu. Montand hakusaini.

Na kama ni lazima tumtaje Marilyn, basi tumtaje vizuri. Katika kitabu cha maisha yake cha mwaka 1976, Signoret anasimulia jinsi walivyokuwa majirani katika hoteli moja Beverly Hills, na jinsi bibi mmoja mstaafu, aliyewahi kumtia rangi nywele Jean Harlow, nyota wa filamu wa miaka ya 1930, alivyokuwa akija kwa ndege kutoka San Diego kuwatia rangi wote wawili jikoni. Wanawake wawili wamekaa pamoja, dawa kichwani, wanamsikiliza bibi akisimulia mambo ya zamani. Aliyaandika hayo bila chuki hata kidogo, miaka mingi baada ya magazeti kumfanya mwanamke wa kuonewa huruma.

Ila kinachonisukuma hasa kuandika ni kazi zake za baadaye, ambazo hamkuzigusa kabisa. Signoret aliacha uso wake uzeeke mbele ya kamera. Alinenepa, mikunjo ikaingia, na badala ya kujificha akatafuta wahusika wenye umri huo. Mtazameni katika L'Armée des ombres ya mwaka 1969. Anaigiza Mathilde, mwanamke jasiri wa mapambano ya siri dhidi ya Wajerumani, ambaye anabeba picha ya binti yake licha ya kuonywa. Picha hiyo ndiyo inayomponza: Wajerumani wanamtishia kwa binti huyo ili awasaliti wenzake. Mwishoni anatembea barabarani, gari la wenzake linamkaribia, anageuka na kuwatambua. Hasemi neno. Usoni mwake unaona kwamba ameelewa wamekuja kufanya nini, kisha risasi zinalia. Sijaona mwigizaji aliyeweza kusema mengi hivyo kwa mtazamo mmoja.

Mwaka 1977, katika La Vie devant soi, akawa Madame Rosa, kahaba mstaafu wa Kiyahudi aliyenusurika kambi ya mauaji ya Auschwitz na sasa analea watoto wa makahaba wengine huko Belleville, Paris. Anapanda ngazi za jengo lisilo na lifti huku akihema, mwili mzito, na mvulana wa Kiarabu, Momo, ndiye anayebaki naye hadi mwisho. Kwa kazi hiyo alipewa César, tuzo kuu ya filamu ya Ufaransa, na filamu yenyewe ikapata Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Mwaka 1978 watazamaji wa televisheni wakampata akiwa hakimu mpelelezi katika mfululizo wa Madame le juge. Huko Marekani alikuwa ameshapata tuzo ya Emmy mwaka 1966 kwa mchezo wa televisheni.

Mwaka 1985 alichapisha riwaya nene kuhusu familia za Wayahudi waliohamia Paris, macho yake yakiwa tayari yamefifia sana. Septemba 30 ya mwaka huo alifariki kwa saratani.

Ndugu Mhariri, ombi langu ni dogo. Mtakapoandika tena habari zake, wekeni picha ya Madame Rosa badala ya ile ya harusi, na mwandishi wenu azitazame kwanza hizo filamu mbili za mwisho nilizozitaja. Nafasi aliyopewa Montand safari hii inatosha kuzieleza zote mbili.

Msomaji wenu,
Tanga