Tufungulieni mechi za mazoezi tuje na watoto

Mhariri,

Kila mwaka upepo wa kusi ukivuma na likizo ya Agosti ikikaribia, timu zetu za Mombasa huanza kujinoa kwa msimu mpya. Mkufunzi huwagawa wachezaji wake mafungu mawili, fungu moja likavaa vizibao vya rangi juu ya jezi, wakamenyana wenyewe kwa wenyewe. Wanaoshuhudia ni mkufunzi, mlinzi wa lango na vijana wachache waliodandia ukuta. Ombi langu ni kwamba mechi hizo zifunguliwe kwa wakazi. Hata ikiwa ni moja tu kwa mwaka kwa kila timu, itangazwe mapema, ichezwe Jumamosi baada ya swala ya alasiri, na tukaribishwe na watoto wetu. Nimeliona jambo hili likifanyika kwingine na tangu hapo halijanitoka moyoni.

Mwanangu wa kiume anaishi Columbus, katika jimbo la Ohio kule Marekani, mji wenye Wasomali wengi hata mtu wa Pwani hakosi pa kula wali kwa nyama ya mbuzi. Mwaka 2024 mkewe alijifungua, nami nikaenda kumhudumia mzazi. Ramadhani nikaifunga huko, na Idi ikaangukia Jumatano tarehe 10 Aprili. Jumamosi yake mwanangu akaniambia, "Mama, vaa koti, leo twenda uwanjani." Nikamuuliza nani anacheza na nani. Akasema Ohio State inacheza na Ohio State.

Ohio State ni chuo kikuu cha umma, na mchezo wenyewe ni kandanda ya Kimarekani, ile ya helmeti na mpira uliochongoka pande mbili, ambao hubebwa na kurushwa kwa mikono kuliko unavyopigwa kwa mguu. Msimu wao huanza mwishoni mwa Agosti, na timu zinazofika mbali humaliza Januari. Lakini kanuni za NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo huko, huziruhusu timu kufanya mazoezi 15 wakati wa machipuko, baridi ikianza kuondoka. Zoezi mojawapo, kwa kawaida la mwisho, hugeuzwa mechi. Kikosi hugawanywa Wekundu na Kijivu, rangi mbili za chuo, marefa huja, ubao wa matokeo huwashwa na milango hufunguliwa. Hakuna kombe wala pointi za ligi.

Uwanja wao ulifunguliwa mwaka 1922, umejengwa kwa umbo la kiatu cha farasi, na huingiza watu zaidi ya 102,000. Siku ile tuliingia zaidi ya 80,000. Naliandika hili polepole ili msomaji alipime: watu elfu themanini kutazama mazoezi! Nikaambiwa kwamba mwaka 2016 mechi kama hiyo iliwaleta watu 100,189. Mimi nimependa mpira tangu usichana, nimelelewa na baba aliyekuwa akitaja Feisal, Liverpool na Mwenge, vilabu vya zamani vya hapa Mombasa, kama wengine wanavyotaja jamaa zao, na sijawahi kuona umati kama ule hata penye kombe.

Wingi wa watu, hata hivyo, si uliojaa moyoni mwangu. Kilichonigusa ni kwamba uwanja mzima ulikuwa wa timu moja. Wekundu wakifunga, watu walishangilia. Kijivu wakiwazuia, watu wale wale walishangilia. Upande mmoja wa uwanja ulipaza sauti "O-H!" na wa pili ukajibu "I-O!", wakilitamka jina la jimbo lao herufi kwa herufi, likazunguka jukwaa hadi jukwaa. Mbele yetu aliketi mzee na mkewe pamoja na wajukuu, kitoto kimoja kimelala begani. Kina mama walikuwa na vichanga wa miezi. Hakuna aliyetukanwa, hakuna aliyekuwa akipima atokee lango gani mechi ikiisha. Nilikaa mule na buibui langu na koti juu yake, na bwana mmoja aliyekuwa kando yangu, asiyenijua kabisa, alinieleza kila mchezo unavyokwenda: kwamba timu ina majaribio manne ya kusogea yadi kumi, na ikishindwa humwachia mwenzake mpira. Alikuwa na wasaa wa kunifundisha kwa sababu hakuwa na roho juu. Siku ya mechi ya ushindani hakuna shabiki mwenye wasaa huo.

Halafu walinifundisha wachezaji. Pale Ohio State kila mchezaji mpya hubandikwa utepe mweusi katikati ya helmeti, na hutolewa tu atakapowaridhisha wakufunzi na wenzake kwamba amekuwa mmoja wao. Kwa hiyo mtu akiwa jukwaani humtambua mgeni na humfuatilia. Machipuko yale wa kwanza miongoni mwa wageni kutolewa utepe wake alikuwa Jeremiah Smith, kijana aliyejiunga na chuo mapema, Januari, wakati wenzake wa rika lake walikuwa bado wanamalizia shule ya upili. Bwana yule alininyooshea kidole, akasema, mtazame huyu. Nikamtazama.

Nilikuwa nimesharudi Tudor, mtaani kwetu Mombasa, tarehe 20 Januari 2025, Ohio State ilipocheza fainali ya taifa na chuo kingine, Notre Dame, kule Atlanta. Kwetu ilikuwa usiku wa manane umeshapita. Niliamka, nikaketi na simu, mwanangu akinisimulia kwa upande wake. Dakika za mwisho, Notre Dame walipokuwa wamepunguza pengo, mpira ulirushwa mbali kwa yule yule Smith, akaudaka, ukawa mchezo wa yadi 56, na ushindi ukathibitika kwa 34 kwa 23. Nililia, wallahi. Nililia kwa ajili ya timu ya mji nilioukaa msimu mmoja, kwa sababu nilionyeshwa kijana huyo siku ambayo hapakuwa na kitu cha kushindania. Basi mtu wa Mombasa atapendaje timu ya Mombasa ikiwa wachezaji wake hajawahi kuonyeshwa?

Tukirudi nyumbani siku ile ya Aprili, mwanangu alinisimulia habari ambayo nataka wasomaji nao waijue. Katika jimbo la Nebraska, Aprili 2013, timu ya chuo kikuu cha huko ilikuwa ikicheza mechi kama ile mbele ya watu zaidi ya elfu 60. Robo ya mwisho wakamwingiza uwanjani Jack Hoffman, mtoto wa miaka saba aliyekuwa na saratani ya ubongo, amevaa jezi na helmeti. Wakampa mpira. Akaanza kukimbia akiwa amepotea njia kidogo, wachezaji wakamwelekeza, naye akakimbia yadi 69 hadi mwisho wa uwanja, majitu yale yakikimbia kandokando yake. Wachezaji wote wakatoka benchi wakamwinua mabegani. Jack aliishi hadi Januari 2025, akafariki akiwa na miaka 19. Hebu nambieni, ni mechi gani ya ligi ingeweza kusimamishwa hivyo kwa ajili ya mtoto mgonjwa? Nafasi ile ilikuwepo kwa sababu uwanjani hapakuwa na mpinzani.

Sasa nije kwetu. Sisi wanawake wa Mombasa tunaopenda mpira tuko wengi kuliko tunavyoonekana. Wengi wetu tunaufuata redioni na kwenye simu, kwa kuwa uwanjani hatuna raha. Niliwahi kumpeleka binti yangu, akiwa mdogo, kutazama mechi ya ligi. Bao lilikataliwa, mawe yakaanza kuruka kati ya mashabiki wa pande mbili, nikamfunika kwa leso tukatokea uchochoroni. Hakutaka tena kusikia habari ya uwanja, na leo ni mama wa watoto ambao nao hawajakanyaga huko. Hivyo ndivyo timu inavyopoteza nyumba nzima, vizazi viwili kwa jiwe moja. Mjukuu wangu hukutajia kikosi cha Arsenal chote na wa akiba juu. Mwulize beki wa kushoto wa Bandari, timu iliyochukua kombe la Shield mwaka 2019 na ambayo hucheza pale Mbaraki, safari fupi ya tuktuk kutoka kwetu. Hamjui. Simlaumu mtoto.

Siku ya mechi ya mazoezi ndiyo siku ya kuturudisha sisi. Nayaona mambo yenyewe jinsi yatakavyokuwa: watoto waingie bure, mkubwa alipe shilingi 50. Mtangazaji amtaje kila mchezaji kwa jina, mtaa anaotoka na shule aliyosomea, maana Mombasa mtu humjui mpaka uambiwe ni wa Majengo au wa Likoni, mtoto wa nani. Wapya watambulishwe na nahodha mbele ya watu. Kina mama wanaouza viazi karai, mihogo na mabuyu wapewe nafasi ndani badala ya kufukuzwa langoni. Kipenga cha mwisho kikilia, wachezaji wasikimbilie basi; wabaki uwanjani, watoto washuke, wapige penalti kwa kipa wa kweli. Mtoto aliyemfunga kipa wa Bandari penalti, hata kama kipa alijiangusha upande wa pili makusudi, ni shabiki wa Bandari mpaka azikwe.

Najua wakufunzi watasema nini, na hoja zao si za kupuuza. Watasema wapinzani watatuma wapelelezi. Kule nako wana hofu hiyo, na ya kwao imezidi, kwa sababu siku hizi mchezaji wa chuo huhama kwa urahisi na fedha zimeingia. Mwaka 2025 Nebraska wenyewe, wenye historia ile ya Jack, walifuta mechi ya kawaida ya machipuko. Mkufunzi wao Matt Rhule alieleza kwamba wachezaji walioonekana mwaka uliotangulia waliandamwa na timu nyingine. Vyuo vingine navyo vilifuta. Nilihuzunika kusikia. Lakini Ohio State, ambao ndio waliokuwa na taji na wachezaji wa kutamaniwa kuliko wote, walicheza ya kwao Aprili ile ile. Mkufunzi halazimiki kufunua mbinu zake. Ninavyoelezwa, siku hiyo hutumiwa mitindo ya kawaida tu ambayo kila mpinzani anaijua. Na hapa kwetu mchezaji mzuri hunyakuliwa hata kama mazoezi yamefungwa kwa kufuli, kwa kuwa maajenti humwona kwenye ligi. Anayezuiwa na lango ni mtoto wa Tudor.

Watasema pia wachezaji wataumia. Hilo lina dawa. Kule yule mrusha mpira mkuu haangushwi katika mechi ya mazoezi. Akifikiwa, kipenga hulia. Nasi tunaweza kupatana kwamba siku hiyo hakuna kuteleza miguuni mwa mtu, na kwamba mwenye maumivu aketi kando atie sahihi madaftari ya watoto.

Na vyuo vyetu? Naishi karibu na Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa, TUM. Ohio State haina kiwanda cha wachezaji angani. Hao ni wanafunzi, wanaingia madarasani, na mji mzima umewafanya watoto wake hata mwenye duka ambaye hakusoma kitu huandika mlangoni jina la timu. TUM ina wanafunzi kutoka kila pembe ya Kenya ambao huja Tudor, wakapanga vyumba kwetu, wakanunua mahamri kwetu, wakamaliza masomo wakaenda zao bila ya sisi kuwashangilia hata siku moja. Mwaka wa masomo ukianza, wapya wakiwa wameingia, wacheze wapya na waliotangulia, wasichana kwanza kisha wavulana, na wakazi wa Tudor tukaribishwe rasmi kwa tangazo misikitini, makanisani na sokoni. Hawa ni wapangaji wetu na watoto wa wenzetu. Kwangu hili lina uzito kuliko hata la vilabu, maana klabu ina jina tayari, na kijana wa chuo anayecheza mbele ya watu ishirini anaweza kudhani mchezo wake hauna maana kwa yeyote.

Gharama yake si kubwa. Uwanja upo, wachezaji wapo na tayari wangecheza siku hiyo. Panahitajika gari la huduma ya kwanza, maji, vyoo safi vya wanawake (hili nalisisitiza), kipaza sauti na askari wachache.

Kwa hivyo nawaomba viongozi wa vilabu na vyuo vya Mombasa wakae mwaka huu, wachague Jumamosi moja kila mmoja bila kugongana, na watangaze tarehe katika gazeti hili na kwenye redio zetu za Pwani wiki mbili kabla, ili sisi wenye watoto na majiko tupate kujipanga. Mimi na majirani zangu wa kike tumeshazungumza, na tuko tayari kujitolea kuwaongoza watoto langoni na kuwasaidia kina mama wenye vichanga. Atakayeitikia kwanza, iwe ni klabu au chuo, atatupata.

Mama shabiki,
Tudor, Mombasa