Sal Mubarak kutoka Ahmedabad

Ndugu, marafiki, na nyinyi majirani wa Kisutu, Dar es Salaam, ambao jana usiku mlipanga taa barazani: heri ya Diwali, sikukuu ya taa ya Wahindu, na Sal Mubarak, yaani heri ya mwaka mpya.

Nawaandikia kutoka mji mkongwe wa Ahmedabad, jimbo la Gujarat, kwenye vichochoro wanavyoviita pol, ambako nyumba za mbao zimebanana hata kikohozi cha jirani unakisikia. Diwali huja usiku usio na mwezi. Jana giza lilipoingia, mama mwenye nyumba ninayopanga, ambaye mtaa mzima unamwita Ba, alishuka na sinia la visahani vya udongo, kila kimoja na samli yake na utambi wa pamba. Simu aliiegemeza kwenye mtungi wa maji ili binti yake aliye Toronto aone. Kila taa iliyowaka, binti aliihesabu kwa sauti kutoka kule.

Lakini lililonigusa zaidi ni chopda pujan, ibada ya daftari za hesabu. Dukani kwa muuza vitambaa hapa chini, daftari jipya la jalada jekundu liliwekwa mbele ya picha ya Lakshmi na Ganesh, miungu ya Kihindu. Serikali hailihitaji tena daftari hilo: mwaka wa fedha India huanza Aprili, na mauzo yote yamo kwenye kompyuta. Basi mzee akaiweka na kompyuta hapo hapo, akaipaka kumkum, ile poda nyekundu ya ibada, akatia ua la marigold juu yake. Kisha mjukuu akaandika ukurasa wa kwanza maneno mawili: Shubh, Labh. Heri, faida. Heri ndiyo iliyotangulia, nami nimeipenda sana hiyo. Hata soko la hisa la Bombay, tangu 1957, hufungua biashara kwa muda wa saa moja hivi siku ya Diwali, kwa ajili ya muhurat, saa njema ya kuanzia mwaka.

Leo alfajiri tumeamshwa na watoto wakiita "Sabras! Sabras!" Wanauza chumvi mlango kwa mlango, baraka ya kwanza ya mwaka mpya wa Kigujarati. Kalenda yao ya Vikram iko mbele ya hii yetu kwa miaka 57 hivi. Baada ya hapo ni kuzungukia wazee: unainama, unagusa miguu yao, wanakuombea dua, na watoto wanapewa noti mpya zisizo na mkunjo. Nilikumbuka asubuhi za Idi nyumbani. Na hilo neno mubarak, ndugu zangu, ni lile lile letu, limefika pwani zote mbili za bahari moja.

Nina ombi kwa wanaosherehekea, hapa na huko. Fataki zipunguzwe. Asubuhi hii moshi bado umetanda juu ya mapaa, na mzee wa nyumba ya pili, mwenye pumu, hajatoka kupokea wageni wake. Na taa za udongo zinunuliwe, hata kama zile taa za nyaya za umeme ni za bei rahisi. Mfinyanzi niliyenunua kwake anakaa chini kando ya barabara, na msimbo wa QR ameubandika kwenye kikapu; tangu UPI, mfumo wa India wa kulipa kwa simu, uanze 2016, hata mnunuzi wa kilo moja ya viazi hulipa kwa simu. Kwa hiyo kukosa chenji si sababu.

Maduka mengi hapa yamefungwa hadi Labh Pancham, siku ya tano ya mwaka. Mtaa umetulia, rangoli ya Ba mlangoni, mapambo ya poda za rangi, imeanza kufutwa na nyayo za wageni, naye hajali. Kwenu mtakaofungua daftari jipya Dar es Salaam, Mombasa na Zanzibar: Shubh Labh. Kwenu mlio mbali na mama zenu, pigeni simu leo. Ba ananiita, ghughra, zile sambusa tamu, zimetoka kwenye mafuta.