Jirani anataka tuondoe maombi ya kudharau zuio: tukiondoa, tutaweza kurudi?

Ndugu Mshauri wa Sheria,

Shikamoo. Tuna shauri la mpaka wa kiwanja huku Goba, Dar es Salaam, lipo Mahakama Kuu, Divisheni ya Ardhi. Mahakama ilitoa zuio la muda la miezi 6: mdaiwa, yaani jirani yetu, asijenge. Akajenga. Ukuta wa tofali za inchi 6, kozi nne, nondo zimeachwa zimesimama juu, na umekata njia ya mita 3 tunayopita. Tukapeleka maombi ya kudharau zuio, pamoja na kiapo, chini ya Amri ya 37 (Amri hapa ni sehemu ya sheria), kanuni ya 2(2), ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Kanuni hiyo inaruhusu mali ya aliyekaidi ikamatwe na mwenyewe awekwe gerezani kama mfungwa wa madai hadi miezi 6.

Sasa ametuma wazee. Atabomoa ndani ya siku 14, ila kwanza tuondoe maombi. Kumfunga jirani hatukutaka. Tunachotaka ni njia. Lakini tukiondoa kisha asibomoe?

Tumesoma Amri ya 23 ya sheria hiyohiyo, kanuni ya 1. Anayeondoa shauri bila ruhusa ya kulifungua upya anaweza kubebeshwa gharama, na hawezi kufungua jingine juu ya jambo lilelile. Ruhusa hutolewa mahakama ikiridhika kwamba kuna kasoro ya kiutaratibu itakayoliangusha shauri, au sababu nyingine ya kutosha. Kiapo chetu hakina kasoro. Je, "tumepatana nje" ni sababu ya kutosha? Pia kanuni inasema "shauri". Inayagusa na maombi madogo yaliyo ndani ya kesi?

Muda unatutisha zaidi. Kanuni ya 2 ya Amri hiyo ya 23 inasema hata ukipewa ruhusa, ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua shauri, unahesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikufunguliwa. Maombi yasiyopangiwa muda wake katika Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, yana siku 60. Tangu kozi ya kwanza ilazwe zimepita 41. Tukimpa 14 zake, zinabaki 5, na hapo kiapo kipya hakijaandikwa.

Zuio nalo limebakiza wiki tatu. Kanuni ya 3 ya Amri ya 37 inaruhusu liongezwe, jumla lisizidi mwaka mmoja, aliyelipata akiomba na kuonyesha kwamba amekuwa akichukua hatua kwa bidii kulimaliza jambo analolalamikia. Likiisha hivi hivi, kozi ya tano haitakuwa imevunja amri yoyote. Kwa hiyo maombi ya kuongeza muda tunayapeleka wiki hii, suluhu iwepo isiwepo.

Rasimu aliyotuletea mdaiwa tusaini inasema "wadai wanaondoa shauri". Tumekataa. Neno hilo linaweza kuondoka na kesi ya msingi pamoja na zuio. Yetu inasema "maombi ya kudharau amri pekee, kwa ruhusa ya kuyaleta upya", na tunataka ruhusa hiyo isomeke kwenye amri yenyewe ya mahakama, isiishie kutamkwa na mawakili kwenye korido.

Tuna njia mbili mezani. Moja, suluhu iandikwe mahakamani chini ya kanuni ya 3 ya Amri ya 23, ikitaja siku ya kubomoa na upana wa njia. Mbili, tusiondoe chochote. Tuombe ahirisho la siku 14, tuondoe maombi ukuta ukiwa umeshabomolewa. Tunaegemea ya pili, maana haigusi ukomo. Ila aliyedharauliwa ni mahakama: jaji anaweza kukataa kusubiri, au akaendelea na maombi hata sisi tukiridhika?

Tunaomba jibu kabla ya siku ya kesi kutajwa mahakamani.

Wadai wa Goba