Barua kwa Salim: usiku wa Tassafaronga

Ndugu yangu Salim,

Salamu nyingi kwako na kwa wote nyumbani. Umeuliza imekuwaje Wamarekani, wenye rada, wenye kruza tano (manowari kubwa), na waliomwona adui kabla hawajaonekana, wakachapwa na destroya nane za Kijapani, manowari ndogo za mwendo kasi, zilizokuwa zimebeba chakula. Jibu lake halikai kwenye ushujaa wala bahati. Linakaa kwenye saa, kwenye mwanga wa mizinga, na kwenye aina moja ya topido, bomu linalojiendesha chini ya maji, ambayo Wamarekani hawakujua ina uwezo gani.

Usiku wenyewe ni wa tarehe 30 Novemba 1942, mbele ya rasi ya Tassafaronga, pwani ya kaskazini ya Guadalcanal, kisiwa cha Solomon, wakati wa Vita Kuu ya Pili. Admirali Raizo Tanaka wa Japani alikuja na destroya nane, na sita kati yake sitaha zilijaa mapipa, 200 hadi 240 kwa kila meli. Yalikuwa mapipa matupu ya mafuta, yakasafishwa, yakatiwa chakula na dawa bila kujazwa pomoni ili yaelee, kisha yakaunganishwa kwa kamba. Meli hutupa mapipa karibu na ufuo, ncha ya kamba hufikishwa pwani, na askari wa Kijapani walioko nchi kavu huvuta. Kwa ajili ya uzito huo, meli hizo sita ziliacha topido zote za akiba. Kila moja ilibaki na nane tu, zile zilizomo ndani ya mirija ya kurushia.

Admirali Carleton Wright wa Marekani alipanga kruza zake katika mstari mmoja: Minneapolis, New Orleans, Pensacola, Honolulu na Northampton, destroya nne mbele na mbili nyuma. Ndege zake za majini zilikuwa zisubiri Tulagi, kisiwa cha jirani, ili zirushe fataki za kumulika, lakini bahari ilikuwa shwari kama kioo na upepo hakuna, zikashindwa kupaa kwa wakati. Hata hivyo saa 5:06 usiku rada ya Minneapolis iliwashika Wajapani, umbali wa kilomita 21 hivi, nao hawana habari.

Hapa ndipo nataka utulie. Saa 5:16 William Cole, aliyeongoza destroya za mbele akiwa ndani ya destroya Fletcher, aliomba ruhusa ya kurusha topido. Wright aliona bado ni mbali, akasita. Ruhusa ilifika saa 5:20. Dakika nne ni kitu gani? Wamarekani walikwenda kwa kasi ya fundo 20 (fundo ni maili moja ya baharini kwa saa), Wajapani fundo 12, na pande mbili zilikuwa zinapishana. Jumla ni maili za baharini 32 kwa saa, karibu kilomita moja kila dakika. Adui aliyekuwa akija mbele akawa ameshapita, na topido zikalazimika kumfukuza kutoka nyuma badala ya kukutana naye njiani. Zilirushwa 20, haikupata hata moja. Na topido zenyewe zilikuwa na ugonjwa wao: zilikwenda chini zaidi ya kina kilichopangwa, karibu mita tatu, na viwashio vyake havikuaminika. Mimi sikubaliani na Admirali Halsey, mkuu wa Wright, ambaye baadaye alimlaumu Cole kwa kurusha akiwa mbali. Cole aliomba wakati unaofaa.

Kosa la pili lilifuata papo hapo. Wright aliamuru mizinga ifyatuliwe kabla topido hazijapata muda wa kufika. Giza lote likawaka, na Wajapani wakapata cha kulenga. Rada za kulengea nazo zilishika zaidi meli iliyokuwa karibu, destroya ya Kijapani Takanami, kwa hiyo kruza karibu zote zikaimiminia hiyo hiyo. Maji yaliyorushwa juu na makombora yalionekana kwenye rada kama meli, na yalipoanguka ikadhaniwa meli imezama. Takanami ilizama kweli, lakini nyingi kati ya saba zilizobaki zililenga ile miale, zikarusha. Kwa muda wa dakika kumi hivi Wajapani walirusha topido 44.

Topido hiyo ya Wajapani, aina ya 93, inastahili maelezo yake. Topido ya kawaida huchoma mafuta kwa hewa iliyoshindiliwa, na karibu asilimia 78 ya hewa ni naitrojeni, isiyosaidia kuchoma wala kuyeyuka vizuri majini. Hutoka nyuma kama mapovu, ule mstari mweupe unaomwambia baharia pa kukwepea. Wajapani walitia oksijeni tupu. Tangi la ukubwa uleule likabeba nguvu nyingi zaidi, na kilichotoka nyuma kikawa zaidi mvuke na kabonidioksidi, ambavyo maji huvimeza. Shida yake ni kwamba oksijeni tupu ikikuta tone la mafuta ndani ya bomba hulipuka. Kwa hiyo mabomba yalisafishwa kabisa, kona kali zikaondolewa, na injini iliwashwa kwa hewa ya kawaida kwanza, oksijeni ikaingizwa polepole. Kwa ajili ya siri wenyewe waliiita "hewa ya pili". Kipenyo sentimita 61, urefu mita 9, uzito tani 2.7, kichwa chenye kilo 490 za baruti, na kwa fundo 48 ilikwenda kilomita 20. Ya destroya za Marekani, kwa fundo 45, iliishia kilomita tano na nusu.

Saa 5:27 Minneapolis ilipigwa mbili, omo, yaani sehemu ya mbele ya meli, ikajikunja chini. New Orleans ilipigwa moja penye maghala ya baruti ya mbele, na omo yote hadi mzinga wa pili ikakatika, kipande cha mita 45. Kipande hicho kiliburuzika kando ya meli yake chenyewe kikikwaruza chuma, na waliokuwa tezi, nyuma ya meli, wakadhani wanapita juu ya Minneapolis inayozama.

Tazama zile tatu za nyuma zilivyofanya. Pensacola ilipita upande wa adui, moto wa wenzake uko nyuma yake, ikaonekana wazi kama kivuli ukutani, ikapigwa. Honolulu ilipita upande wa pili, ikaongeza kasi hadi fundo 30 na kupindapinda, ikatoka salama. Northampton ilipita njia ya Honolulu lakini kwa kasi ileile, kisha ikarudi kwenye mwelekeo wa awali. Ilipigwa mbili, ikazama baada ya saa 9 usiku.

Wamarekani karibu 400 walikufa. Wright aliandika kwamba huenda zilikuwa topido za nyambizi, kwa kuwa hakuamini destroya inaweza kurusha toka mbali vile. Tanaka naye hakushusha shehena yake usiku ule. Siku tatu baadaye mapipa 1,500 yalitupwa, yakafika pwani 310 tu.

Huko Tulagi, mafundi walikata minazi na kuziba mbele ya Minneapolis na New Orleans kwa magogo, na meli hizo zikasafiri hivyo hivyo. Ile omo ya New Orleans iliyokatika ilionekana tena Julai 2025, imelala kwenye kina cha mita 675.

Wasalimie wote.

Wako,
Hamisi