Mjomba, kuhusu usalama wa El Paso

El Paso, Texas

Kwa Mjomba mpendwa,

Assalaam aleikum. Ama baada ya salamu, mimi huku ni mzima, kazi ya kulea wazee inaendelea, hofu yangu ni juu yenu hapo Kisauni. Mwambie Mama picha za harusi zimefika.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza. Unauliza kama binti yako atakuwa salama akija chuo huku, na kama wale wa kofia nyeupe zilizochongoka bado wapo. Hilo si la kujibu kwa simu wakati nangoja basi.

Kwanza ujue huu ni mji wa watu wenye asili ya Mexico. Katika kila wakazi kumi, wanane ni wao. Ng'ambo ya mto Rio Grande ni Ciudad Juárez, na kuna familia zilizo nusu huku nusu kule. Zamani nchi hii yote ilikuwa ya Mexico. Vita vya Marekani na Mexico vilipomalizika 1848 mto ukathibitishwa kuwa mpaka, na watu ambao hawakuhama hata hatua moja wakageuzwa wageni. Visa vikaanzia hapo. Wanahistoria William Carrigan na Clive Webb wamekusanya habari za zaidi ya watu 500 wa asili ya Mexico waliouawa na makundi ya raia nchini Marekani kati ya 1848 na 1928, na hao ni wale tu ambao kuna maandishi yao. Mmoja ni Antonio Rodríguez, kijana wa miaka 20. Novemba 1910, katika mji wa Rocksprings, hapa Texas, walimtoa jela, wakamfunga kwenye mti na kumchoma moto angali hai. Hakuna aliyefungwa kwa hilo.

Sasa hao wa kofia. Ku Klux Klan, kundi la Wazungu wenye chuki ya rangi, walikuwepo hata hapa El Paso. Mwaka 1922 watu wao walipata viti katika bodi ya shule. Mwaka uliofuata wakataka umeya, wakashindwa, na nguvu zao zikaisha. Mwaka 1977 David Duke, mmoja wa viongozi wa Klan, alitangaza kwamba kundi lake litalinda mpaka wa Mexico kwa magari yao wenyewe. Kelele zilikuwa nyingi kuliko watu.

Lakini ukiniuliza mimi, Mjomba, waliowatesa zaidi watu hawa hawakuhitaji kofia. Walikuwa na beji ya serikali.

Mashariki ya hapa, ukiufuata mto, kulikuwa na kijiji cha wakulima kikiitwa Porvenir. Usiku wa tarehe 28 Januari 1918 walifika Texas Rangers, ndio polisi wa jimbo, pamoja na wenye ranchi wa jirani na askari wa farasi wa jeshi. Ranchi moja ilikuwa imevamiwa siku ya Krismasi, na wanakijiji wakashukiwa bila ushahidi. Waliwatoa wanaume na vijana 15 majumbani, mdogo wao akiwa na miaka 16 na mkubwa 72, wakawapeleka kwenye jabali na kuwapiga risasi wote. Ninajua utapenda kusikia haya kwa kuwa wewe ni mwalimu: aliyehakikisha kwamba majina yao hayapotei alikuwa mwalimu wa shule ya kijiji, Harry Warren, Mzungu aliyeoa pale. Asubuhi alikwenda mwenyewe kwenye maiti, na baba mkwe wake alikuwa mmoja wao. Wajane na watoto wakavuka mto kukimbilia Mexico na kijiji kikafa. Gavana alikivunja kile kikosi cha Rangers kilichohusika na kuwafuta kazi askari watano. Mahakamani hakufikishwa hata mmoja.

Mwaka 1919 mbunge wa jimbo, José Tomás Canales, aliwafungulia Rangers mashtaka 19 bungeni. Mmoja wa Rangers, Frank Hamer, alikuwa amemtishia maisha hadharani. Uchunguzi ulifanyika, kisha kumbukumbu zake zikafungiwa kwa miongo mingi. Kibao cha serikali cha kukumbuka Porvenir kiliwekwa kando ya barabara 2018 tu, miaka mia baadaye.

Bibi mmoja ninayemhudumia alisoma shule ya watoto wa Kimexico miaka ya hamsini. Ukizungumza Kihispania uwanjani, fimbo. Nilipomsimulia kile kibao tulichokuwa tukivishwa shingoni kwa kusema Kiswahili nje ya darasa, alicheka hadi akakohoa, akataka nimchoree kilivyokuwa. Sasa karatasi ile ameibandika kwenye friji. Huko Marfa, mji mwingine wa Texas, kwenye shule ya Blackwell, walimu waliwaambia watoto waandike maneno ya Kihispania kwenye vikaratasi, wakavitia kisandukuni na kuvizika ardhini kama maiti. Ilikuwa 1954, si zama za kale.

Na lile uliloliona kwenye habari: Jumamosi, tarehe 3 Agosti 2019, kijana wa miaka 21 aliendesha gari kwa zaidi ya saa kumi kutoka karibu na Dallas, akaingia duka la Walmart la hapa na kuua watu 23. Wengine walikuwa wakinunua vifaa vya shule. Alikuwa ameandika mtandaoni kwamba Texas imevamiwa na "Hispanics", yaani watu wenye asili ya nchi za Kihispania kama Mexico. Wallahi, uvamizi gani wa mtu aliyekuwepo kabla ya mpaka? Tofauti na Porvenir, huyu alihukumiwa: vifungo 90 vya maisha katika mahakama ya shirikisho, 2023. Mimi hununua mchele pale pale.

Kwa hiyo jibu langu: mwache aje. Hatari ipo, nami sitakuficha, ila katika mji huu atakuwa katikati ya watu wasiomshangaa mtu kwa lafudhi yake. Asikae bwenini muhula wa kwanza, akae kwangu. Chumba kipo na basi la chuo linapita karibu. Aanze kujifunza Kihispania tangu sasa, kitamfaa kazini kuliko anavyodhani. Nitumie nakala ya pasipoti yake, na barua ya chuo ukurasa wa pili, maana uliyonitumia imekatika hapo kwenye ada.

Nisalimie wote.

Mpwa wako