Malalamiko: gemu lenu linakwama asilimia 81, na kosa si la intaneti yangu

Duka la Steshenari,
Ngamiani, Tanga.
2 Septemba 2025

Meneja wa Huduma kwa Wateja,
Kampuni ya Kuuza Magemu ya Kompyuta,
Dar es Salaam.

Ndugu Meneja,

YAH: PROGRAMU YENU YA KUSAKINISHA GEMU KUKWAMA NJIANI NA KUNIMALIZIA BANDO

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu. Siku ya Nanenane, tarehe 8 Agosti, nilinunua kwenu gemu la mpira la kompyuta. Nililipa kwa simu, na risiti ikanifikia kabla sijaiweka simu mezani. Kwenye kupokea hela hamna kasoro, nawapongeza. Yaliyofuata ndiyo yaliyonikalisha leo niandike.

Mimi nina duka la steshenari hapa Ngamiani. Asubuhi natoa kopi, naskani vyeti, najaza fomu za vyuo na mikopo kwa vijana waliomaliza Kidato cha Sita. Jioni meza mbili za kompyuta zinageuka uwanja: watoto wa mtaani wanacheza mpira kwa Sh 500 mechi moja, mashabiki wa Coastal Union huku, wa African Sports kule, na kelele zake mnaweza kuzikadiria. Gemu la zamani lilikuwa limeshawachosha. Mtoto wa kaka yangu, yuko Kidato cha Tatu, ndiye aliyenishawishi. "Shangazi, hili jipya likiingia hawatatoka hapa." Nikakubali.

Ukurasa wenu ulisema gemu linahitaji nafasi ya GB 68. Kompyuta yangu ina diski mbili: C, ambayo ni SSD (diski ya kisasa isiyozunguka) ndogo ya GB 120 (Windows yenyewe inaisoma GB 111), na D, ile ya zamani ya kuzunguka, ambayo ilikuwa na GB 180 tupu. Programu yenu iliponiuliza niweke wapi, nikachagua D. Likumbukeni hilo, nitalirudia.

Usiku wa kwanza nilianza kushusha saa 1, mara baada ya kufunga duka. Nakaa nyuma hapo hapo, kwa hiyo kila nikipita kwenda jikoni nachungulia. Mstari wa kijani ulikuwa unatambaa vizuri, saa 4 ulikuwa asilimia 23, nikaenda kulala. Adhana ya alfajiri iliponiamsha nikatazama tena: asilimia 81, chini yake maandishi kwamba zimebaki saa 2. Nikaswali, nikapika uji, nikafagia mbele ya duka. Saa 2 zikapita, na bado zimebaki saa 2. Kasi inasoma sifuri. Hakuna neno jekundu, hakuna onyo, hakuna kitu. Mtoto akaja mbio.

"Shikamoo shangazi. Limeingia?"

"Marahaba. Liko themanini na moja."

"Lilikuwa themanini na moja nilipokwenda msikitini!"

Nikabonyeza kusimamisha, nikabonyeza kuendelea. Halikuendelea. Nikawaandikia. Jibu la kwanza la watoa huduma wenu lilikuwa nizime kompyuta na kuiwasha. Nilipowaambia nimeshafanya hivyo, wakaniambia niliondoe gemu, nisafishe kashe (mafaili ya muda ya programu), nizime antivirusi, nianze upya. Nikatii. Kutii huko kulifuta GB 43 zilizokwisha kushuka, na hakuna aliyenitahadharisha kwamba zitafutika.

Hapo kwenye antivirusi nina neno la pembeni. Kumwambia mwenye steshenari azime antivirusi ni kutojua kazi yake. Kwa siku napokea flashi za watu ishirini, na kila flashi ina wageni wake. Ni kweli antivirusi huwa inakamata faili salama la gemu kwa kulidhania baya, lakini ikifanya hivyo inaliandika kwenye orodha ya vitu ilivyovizuia. Nilifungua orodha hiyo. Hapakuwa na faili lenu hata moja. Mngeniambia nitazame orodha kabla ya kuniambia nizime, ningewaheshimu zaidi.

Usiku wa pili, Jumapili tarehe 10, nikajipanga. Niliacha waifai nikachomeka waya moja kwa moja kwenye ruta. Nilikagua D isiwe na sehemu zilizokufa, ikatoka safi. Niliangalia isije ikawa imefomatiwa kwa mfumo wa zamani wa FAT32, maana mfumo ule haupokei faili moja linalofika GB 4 na magemu ya siku hizi yamejaa mafaili ya ukubwa huo. Ilikuwa NTFS, mfumo usio na kikomo hicho, haina neno. Nikaanza saa 1 usiku kama juzi. Alfajiri: asilimia 81. Tanga tunajulikana kwa waja leo waondoka leo, lakini huyu mgeni wenu haingii ndani wala haondoki, kasimama kizingitini.

Jibu lenu la tatu ndilo lililonichefua. Mliandika kwamba "kasi ya intaneti ya mteja haitoshi". Ndugu Meneja, intaneti yangu ni megabiti 10 kwa sekunde. Gawanya kwa 8 upate megabaiti 1.25. Kwa kasi hiyo gemu linachukua usiku mzima na asubuhi kidogo, nami sikulalamika juu ya hilo, najua ninacholipia. Intaneti ndogo huchelewesha. Intaneti mbovu hukata hapa leo na kule kesho. Ile ya Mei 2024, nyaya za intaneti za EASSy na Seacom zilipokatika baharini, nchi nzima tulihangaika, na hata ile haikumchagulia mtu asilimia ya kukwamia. Kitu kinachosimama mahali palepale mara mbili kimegonga ukuta. Nilitaka kujua ukuta uko wapi, na ninyi mlikuwa mnanionyesha dirishani.

Usiku wa tatu, Jumatano tarehe 13, nilianza tena kwa ukaidi tu. Alfajiri nikakuta asilimia 79.

Pungufu ya mbili! Nilivuta kiti nikakaa. Kama ukuta umesogea, basi kuna kitu kimeusogeza kati ya Jumapili na Jumatano. Nikapitisha kazi za siku hizo kichwani: kopi, kopi, vyeti, fomu, halafu yule dada aliyeleta picha za harusi ya mdogo wake nimchapie. Picha zile nilizihamisha kutoka kwenye flashi nikaziweka pale mbele kwenye desktopu. Desktopu iko diski C. Zilikuwa na uzito wa GB 1.1.

Nikafungua kutazama diski. D ilikuwa imetulia kama nilivyoiacha, programu yenu haikuwa imeandika kitu humo. C ilikuwa nyekundu mpaka mwisho, zimebaki MB chache zisizotosha hata skani ya kitabu. Nikaruhusu folda zilizofichwa zionekane, nikaingia kwenye ile Windows inayowekea vitu vya muda, na humo nikaikuta folda yenye jina la herufi na tarakimu zisizosomeka, nzito GB 42 na nusu. Gemu langu lilikuwa limelala humo.

Kumbe programu yenu, hata mteja akichagua D, inashusha kwanza mafaili yote, yakiwa yamebanwa ili yapungue ukubwa, kwenye folda ya muda ya C, na ikishamaliza ndipo inayafungua kuyapeleka D. Mafaili yaliyobanwa ni GB 54. Asilimia 81 ya 54 ni 43.7, na hizo ndizo GB nilizokuwa nazo wazi kwenye C kabla ya picha za harusi. Toa 1.1, gawanya, utapata 79. Hesabu hii mtoto wa kaka yangu aliifanya kwa kidole juu ya kioo cha meza, kisha akacheka hadi akakaa chini. Mimi sikucheka, nilikuwa nafikiria bando.

Dawa yake nilipoijua haikuchukua dakika kumi. Windows ina majina mawili, TEMP na TMP, yanayoziambia programu wapi zitupie vitu vya muda. Yako kwenye mipangilio ya juu ya mfumo, sehemu ya Environment Variables. Nilitengeneza folda tupu kwenye D, nikayaelekeza yote mawili huko, nikazima na kuwasha. Ijumaa tarehe 15 saa 1 usiku nikaanza mara ya nne. Jumamosi saa 2 asubuhi likafika asilimia 100.

Na hata hapo mlitaka kuniua kwa presha. Baada ya 100 mstari uliganda, kasi sifuri, maandishi yaleyale ya kusubiri. Mtoto akataka kubonyeza kufuta. Nikamzuia mkono. Nilifungua Task Manager, pale Windows inapoonyesha kompyuta inafanya nini, nikaona diski D inafanya kazi asilimia 100, na taa ndogo ya mbele ya kompyuta ilikuwa inapepesa bila kupumzika. Ilikuwa inafungua mafaili, na ile diski ya zamani inasoma na kuandika kwa wakati mmoja, lazima ichelewe. Saa 3 na dakika 20 likakamilika. Ni wateja wangapi wamelifuta gemu lao pale, lilipobakiza saa moja, kwa sababu programu haikusema "nafungua mafaili, subiri"?

Sasa hasara. Kifurushi changu cha mwezi ni GB 200, zikiisha kasi inashuka mpaka megabiti 1. Mara tatu zilizokwama zimekula GB 130. Ya nne, iliyokuwa halali, ikala 54. Kufikia tarehe 16 kifurushi kilikuwa kimekwisha, wakati ndio vijana wanafukuzana na maombi ya vyuo na mikopo. Kijana mmoja alikaa kwenye kiti changu dakika arobaini akisubiri cheti chake cha kuzaliwa kipakiwe mtandaoni, kikafika nusu kikarudi mwanzo. Aliondoka kwa adabu, "Mama, acha nijaribu kule mbele," na wenzake wakamfuata. Nilinunua bando la simu mara tatu nikawasha hotspoti ili nisifunge kabisa, jumla Sh 45,000. Wateja walioondoka siwezi kuwapigia hesabu, wengine sijawaona tena.

Gemu lenyewe sirudishi. Linacheza vizuri na watoto wanalipenda, sitasema uongo. Ninachodai ni Sh 45,000 za bando la simu, pamoja na thamani ya zile GB 130, ambayo ni asilimia 65 ya kifurushi changu cha mwezi. Risiti zote nimeziambatanisha.

Vilevile ule ukurasa wenu urekebishwe. Mmeandika GB 68, lakini kwa jinsi programu yenu inavyofanya kazi mtu anahitaji 68 za gemu na 54 za mafaili yaliyobanwa, jumla 122 mpaka usakinishaji umalizike. Au basi irekebisheni programu ishushe kwenye diski ambayo mteja ameichagua, hilo lingekuwa bora zaidi. Na ikikosa nafasi iseme. "Diski C imejaa" ni maneno matatu. Yangeniokolea usiku mitatu na fedha ninazowadai. Mtu akianza upya, vipande vilivyokwisha kushuka vikaguliwe na vitumike, visitupwe. Kwenu ni mafaili tu, lakini huku kila kipande tumekinunua mara mbili, kwenu na kwa muuza bando.

Nimesoma kwamba Sheria ya Ushindani Na. 8 ya mwaka 2003 inakataza kumpotosha mlaji kuhusu bidhaa anayouziwa. Kuandika 68 mahali pa 122 nionavyo mimi ni kupotosha, iwe kwa makusudi au kwa uzembe. Barua ya Tume ya Ushindani nimeshaichapa, mashine ya kuchapa iko hapa hapa kwangu. Sijaituma. Nawapa siku 14 kuanzia mtakapopokea hii.

Naomba pia jibu liandikwe na mtu aliyeisoma barua hii mpaka mwisho. Nikiambiwa tena nizime kompyuta na kuiwasha, ile ya Tume inaondoka siku hiyohiyo.

Wenu katika biashara,

Mteja, mwenye duka la steshenari,
Ngamiani, Tanga.

Viambatanisho: risiti ya gemu; risiti tatu za bando la simu; picha za kioo cha kompyuta zikionyesha asilimia 81, 81 na 79; picha ya diski C ikiwa imejaa; nakala za majibu yenu matatu.